Dirisha la Kuni

Sijalisamehe lile jumba, na sina mpango wa kulisamehe. Watoto wangu huniambia, mama, hayo ni ya zamani, nyumba ni mawe tu, mawe yana kosa gani. Ati mawe tu. Mawe hayajipangi yenyewe. Kuna mtu alikaa mezani na penseli yake, chai yake kando, akafikiria nani ataingilia wapi, nani atapanda ngazi na nani atazunguka nyuma kwenye mtaro wa maji machafu. Akalichora wazo lake vizuri, na watu wakalijenga. Mimi nikipita pale sioni mawe. Namwona mtu aliyenitusi mbele za watu na mpaka leo hajaomba radhi.

Jumba lenyewe lilikuwa ofisi ya serikali pale Nakuru mjini, miaka ya hamsini. Jina lake rasmi lilikuwa refu na la Kiingereza. Sisi wa lokesheni, mtaa wa Waafrika, tuliliita Jumba, tukamaliza. Mbele lilitazama ziwa. Huko kulikuwa na ngazi pana, nguzo nene, paa la vigae vyekundu, na mlango mkubwa wa mbao uliopakwa mafuta mpaka ungeweza kujiona uso. Hapo waliingia Wazungu. Ubavuni palikuwa na mlango wa kawaida, una kibaraza kidogo cha kujikinga mvua lakini hauna nguzo, na hapo waliingia Wahindi. Ghorofani kulikuwa na ukumbi wenye sakafu ya mbao, ambamo masetla, wale Wazungu wakulima, walikuja kutoka mashambani kufanya mikutano yao na kucheza dansi.

Sisi tulikuwa wa nyuma. Nyuma, upande wa mlima Menengai, mawe hayakulainishwa. Yaliachwa na makovu ya patasi vile yalivyotoka machimboni. Hakukuwa na kibaraza wala benchi. Kulikuwa na ukuta, mlango mmoja wa wafanyakazi, na dirisha dogo lililowekwa chini, chini kabisa, usawa wa kiuno cha mtu mzima. Ukiwa na shida yoyote na serikali, uliisemea kwenye shimo hilo.

Kulielewa dirisha lile ilibidi uingie ndani kwanza. Ndani kulikuwa na meza ya karani na kiti chake. Karani akikaa, dirisha lilimfika usoni sawasawa, na kiwiko chake kikapumzika vizuri juu ya jiwe. Kwa hivyo usiniambie ilikuwa bahati mbaya. Mchoraji alipima. Alimpima karani aliyekaa, hakumpima mtu aliyesimama nje. Huyo wa nje angejikunja mwenyewe. Na watu walijikunja kila siku, foleni nzima, matako yameelekea Menengai, wazee wenye heshima zao, wanawake wenye watoto mgongoni. Mama akiinama mtoto anateleza mpaka shingoni, naye anamshika kwa mkono mmoja huku anaeleza shida zake.

Sasa sikia uchungu wenyewe. Dirisha lile alilijenga babangu.

Babangu alikuwa fundi wa mawe, na mrefu kupita watu wote wa lokesheni. Yeye na wenzake ndio waliochonga mawe ya Jumba na kuyapanga. Walipofika ukuta wa nyuma na kuambiwa waache nafasi pale chini, hawakuuliza maswali, kwa maana walijua ni ya nini. Walikuwa wamejenga nyumba nyingi za masetla huko Njoro na Subukia, na kwenye nyumba hizo kulikuwa na kishimo kama hicho karibu na jiko: boi anachanja kuni nje, anazisukuma ndani kupitia hapo, asiingie na matope yake. Basi wakasema hapa ni pa kuni, na hawa wakubwa watakuwa wanaota moto kweli kweli. Babangu akalilainisha jiwe la chini kwa mikono yake, akalisugua kwa mchanga na maji, ili kuni zisikwame. Alijivunia lile jiwe. Alituambia nyumbani kwamba boi wa kuni, popote atakapotoka, atamshukuru.

Jumba likafunguliwa. Babangu alipita pale asubuhi moja akaona watu wamepanga foleni, wanainama mmoja baada ya mwingine kwenye jiwe lake. Alisimama kando ya barabara mpaka watu wakaanza kumuuliza kama ni mgonjwa. Jioni alimwambia mamangu, "Kumbe kuni ni sisi." Hakula siku hiyo.

Mamangu alikuwa mfupi. Akisimama karibu na babangu alimfika kwapani, na walipotembea pamoja kwenda kanisani watu waliwacheka, naye mamangu akawacheka pia. Hali ya hatari ilipotangazwa yeye hakuwa nyumbani. Alikuwa Rongai, ameenda kumuuguza dadake aliyeolewa na mfanyakazi wa shamba la setla, akijua mgonjwa akipata nafuu atarudi. Ghafla watu wa kabila letu tukakatazwa kusafiri bila kibali. Rongai na Nakuru ni pua na mdomo, treni inafika kabla hujamaliza stori, lakini bila ile karatasi hungethubutu. Waliokamatwa njiani walirundikwa kwenye malori, na wengine hatukuwaona tena. Sheria ilisema mume aende mwenyewe ofisini, aseme mke ni wake na ana mahali pa kumweka, ndipo kibali kitoke. Ofisi yenyewe ilikuwa ile, na dirisha lilikuwa lile.

Babangu akavaa koti lake la kanisani, nami nikamsindikiza. Zamu yake ilipofika alisimama mbele ya dirisha wima, mikono ubavuni. Karani alikuwa kijana wa kwetu kwetu, wa tai na nywele za mafuta, aliyesomea misheni. Kutoka pale alipokaa hakuona mtu, aliona koti.

"Inama, mzee," akasema. "Mimi siongei na vifungo."

"Uso wangu uko hapa juu," babangu akamjibu. "Toka nje uuone."

Watu nyuma yetu walicheka, na hilo ndilo lililoharibu mambo. Karani aliita mtu mwingine. Babangu akarudi mwisho wa foleni, akangoja, akafika tena, akasimama wima tena. Karani akamruka tena. Mwishowe askari alikuja na rungu akamwambia aende nyumbani kabla hajaumizwa bure.

Njiani nilimsihi. Nilimwambia baba, inama tu, ni mara moja, unasema jina la mama unainuka, nani atakumbuka. Hakunigombeza. Alisema tu kwamba lile ni dirisha la kuni. Alienda tena wiki iliyofuata, na nyingine, na miezi ikapita, koti ni lile lile na kusimama ni kule kule, na jibu lake kwangu halikubadilika. Nilimwonea fahari, siwezi kudanganya. Pia kuna siku nilitaka kumsukuma kichwa kwa mikono yangu mwenyewe.

Habari za mamangu zilikuja na dereva wa lori la mahindi. Mara ya kwanza alituma salamu, ati yuko salama. Halafu tukasikia dadake amepona lakini nyumba imejaa, analala stoo juu ya magunia, na setla amemwambia hakuna kula bure, kwa hivyo anapalilia mahindi ya shamba kutwa nzima. Halafu dereva akaja na maneno aliyoambiwa ayaseme vile vile yalivyo: "Mwambie nimechoka kulala kwa watu. Mwambie afanye lolote." Babangu aliyasikia akiwa amekaa kitandani. Akasema mke wake anamjua yeye ni mtu wa namna gani.

Mimi nilikuwa na hasira ya kutafuna misumari. Nilimchukia karani, nikamchukia askari, nikamchukia zaidi yule mtu wa penseli ambaye sikuwahi kumwona. Usiku nilipiga magoti nikamwomba Mungu vitu ambavyo Mungu haombwi.

Halafu kukawa na msako, na wafagiaji wa Jumba wote wakazolewa. Nyapara akaja lokesheni kutafuta wasichana wa kufanya kazi hiyo, kwa sababu tulikuwa rahisi na hatukuwa na mdomo, au ndivyo alivyofikiri. Nilikuwa wa kwanza kujitokeza. Nilitaka kuwa ndani. Nilidhani nikiwa ndani nitamlainisha yule karani, na kweli nilimsihi, nikipiga deki chini ya meza yake, naye akainua miguu nipitishe kitambaa na kuniambia mzee aje mwenyewe ainame kama wenzake, sheria ni sheria.

Basi nikaamua kwenda kwa mkubwa wake. Mkubwa wa vibali, ambaye pia ndiye aliyekuwa mkubwa wa Jumba zima, alikuwa Mzungu mrefu mwenye shingo nyembamba. Siku moja nilitumwa nimpelekee chai. Niliiweka mezani, nikakusanya nguvu, nikamweleza habari ya mamangu yote, Rongai, dadake, stoo, magunia. Hakuinua macho kutoka kwenye karatasi zake. Nilipomaliza alisema neno kwa Kiingereza, na nyapara aliyekuwa mlangoni akanitafsiria: mambo ya vibali husemwa dirishani.

Nilikuwa nimesimama mbele yake. Chai yake ilikuwa bado inatoa moshi. Angeweza kuniona nywele, pua, machozi, kila kitu, na alichotaka ni mimi nitoke nje, nilizunguke jumba lote, nije nijikunje kwenye shimo ndipo anisikie. Siku hiyo nilimwekea kinyongo. Nilijiambia, wewe, siku moja utainama pale pale, na mimi nitakuwepo.

Ziwa ndilo lililonisaidia. Miaka ile lilikauka. Heroe, wale ndege wekundu wa ziwani, wakahama, pakabaki uwanja mweupe wa magadi, na upepo wa mchana ulipoanza uliyainua magadi yale ukayaleta mjini, vumbi jeupe la kuwasha macho kuliko moshi wa kuni mbichi. Na nani alilila kwanza? Jumba. Walikuwa wameligeuza uso likatazama ziwa ili Wazungu wapate kuona mandhari wakipanda ngazi zao, na sasa mandhari yalikuwa yanawajia ndani. Vumbi liliingia chini ya mlango mkubwa, likapanda ghorofani, likaharibu ile sakafu ya dansi. Kule nyuma kwetu ukuta ulizuia upepo. Kwa mara ya kwanza tangu lijengwe, nyuma kulikuwa kuzuri kuliko mbele.

Mkubwa alikasirika kuhusu sakafu, akatoa amri. Vumbi likianza, sisi wafagiaji tuloweshe magunia kwenye pipa, tuyashindilie chini ya milango na madirisha yote, na mlango wa mbele na wa ubavuni ifungwe kwa komeo kutoka ndani, isifunguliwe mpaka upepo utulie, hata aje nani. Amri nyingine ilikuwepo tangu zamani, kwa ajili ya usalama: mlango wa nyuma haufunguliwi mpaka mtu ajitambulishe kwanza dirishani. Nyapara alitukaririsha amri hizo mbili kila asubuhi mpaka tukaziota.

Siku yenyewe mkubwa alikuwa ameenda kula chakula cha mchana klabuni kwao. Upepo ukaanza. Karani alikuwa ameruhusiwa kwenda nyumbani tangu asubuhi, macho yamemvimba. Nyapara na wenzangu walikuwa juu wakitandika maturubai kwenye sakafu ya dansi. Mimi niliachiwa chumba cha karani. Nilikuwa nimefunga ubao wa dirisha na nakamua gunia niliweke pale, niliposikia mlango wa mbele unagongwa. Unagongwa kwa hasira, kama mwenye nyumba. Nikatulia. Kisha ukagongwa wa ubavuni. Kisha nikasikia viatu vinazunguka kuja nyuma, na nilivijua viatu vile.

Kule nje foleni ilikuwa haijatawanyika. Watu walikuwa wameegemea ukuta wa nyuma kujikinga na vumbi, wote wametulia, wanatazama. Mlango wa wafanyakazi ukatikiswa. Halafu nadhani alikumbuka amri yake mwenyewe, maana ubao wa dirisha ukagongwa. Nikaufungua.

Niliona mshipi na vifungo vya koti.

"Fungua mlango," sauti ikasema, kwa Kiswahili kile chao cha shambani. "Mimi bwana kubwa."

"Inama," nikasema. "Mimi siongei na vifungo."

Sikuwa nimeyapanga. Ulimi uliyatoa wenyewe. Upepo ulilia kwenye vigae, na nikafikiria kule wanakopelekwa watu na malori. Halafu koti likaanza kushuka. Alikuwa mrefu sana kuinama kiuno peke yake. Ilibidi akunje na magoti. Uso ukafika dirishani, macho yamefungwa, machozi yanatiririka meupe kwa magadi. Hakuweza kuona anaongea na nani.

Nikamuuliza jina. Akasema. Nikamwambia upepo umelichukua, aseme tena. Akasema tena. Nikamuuliza anafanya kazi wapi, na nani anamjua hapa, na ana shida gani. Aliyajibu yote, naapa, kwa sababu magadi yakiwa machoni mtu hana ubwana. Nikamwomba kipande, kile kitambulisho ambacho sisi Waafrika tulilazimishwa kubeba. Akasema yeye hana kipande.

"Basi ngoja hapo kando," nikamwambia. "Utaitwa."

Nikafunga ubao. Nikalichukua lile gunia, nikalikamua vizuri, nikalikunja, nikalikunjua, nikalikunja upya. Kule nje hakuna aliyethubutu kucheka, ila mtu mmoja alikohoa, halafu wa pili yake akakohoa, na kikohozi kikatembea ukuta mzima mpaka mwisho. Akagonga tena. Nikafungua, nikamwambia ainame, nikaanza upya tangu jina. Sikuwa na haraka. Mamangu alikuwa Rongai.

Nyapara ndiye aliyeharibu raha yangu. Alishuka ngazi, akaitambua ile sauti, akakimbia kufungua mlango huku anamwita Mungu. Mkubwa akaingia akipapasa ukuta. Nilimletea beseni la maji safi, mimi si mnyama. Alinawa macho kwa muda mrefu, akajipangusa, akauliza nani alikuwa dirishani.

"Ni mimi, bwana," nikasema. "Nimefuata amri zako zote mbili."

Akanitazama, na hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza. Kisha akakaa kwenye kiti cha karani akachungulia nje kupitia lile shimo. Sijui aliona nini, labda viuno na magoti ya watu. Nilingoja aite askari. Alikuwa amewafunga wengine kwa madogo kuliko hayo, lakini nadhani angeniita mhalifu ingebidi aeleze kosa langu, na kulieleza kulimaanisha kusimulia. Alimwambia nyapara niondoke nisirudi. Nikavua aproni, nikatoka kwa mlango wa nyuma, na ile foleni ikanipisha. Nimeolewa, nimezaa, nimeona mengi mazuri. Furaha ya siku ile sijaipata tena.

Kufika jioni lokesheni nzima ilikuwa inajua. Watoto walicheza bwana kubwa kwenye kila dirisha. Sokoni wanawake waliwaambia wateja wainame, hawaongei na vifungo. Dereva wa mkubwa, ambaye alikuwa ameona yote akiwa kwenye kona ya ukuta, aliwasimulia madereva wenzake wa masetla, na kupitia kwa hao, au kwa wapishi, habari ikafika klabuni. Niliambiwa hata Wazungu walicheka. Hapo ndipo nilipomfika kwenye mfupa, kwa maana kicheko chetu angekifunga jela, chao angekifanyaje.

Haikupita muda ikatoka amri kwamba dirisha la nyuma liinuliwe. Kanisani kuna waliosema mkubwa ametubu, ameonja shida yetu na moyo wake umelainika. Upuuzi. Moyo ungelainika tungeona benchi. Aliliinua ili watu waache kumcheka, basi.

Kikosi kilichotumwa kulivunja kilikuwa cha babangu. Msimamizi wa ujenzi, Mzungu mwenye haraka, aliwaambia waliweke usawa wa mtu na akageuka aende zake.

"Mtu gani?" babangu akamuuliza.

"Mtu tu. Kwani wewe si mtu?"

Babangu hakuhitaji kuambiwa mara mbili. Alivua kofia, akajinyoosha na ule ukuta, akamwambia mwenzake achore alama ya makaa pale mdomo wake ulipofika. Akaling'oa lile jiwe lake laini kutoka kule chini, akaliinua, akaliweka kwenye alama. Karani alipokuja kazini alikuta kiti chake hakina maana tena. Ilimbidi asimame siku nzima, na si kusimama tu, kusimama juu ya sanduku la sabuni. Tulienda kumtazama kama watu wanaoenda kuona sarakasi.

Babangu akavaa koti la kanisani, akaenda, akasimama wima, na karani juu ya sanduku lake akamtazama ana kwa ana. Akataja jina la mkewe na mahali alipo. Muhuri ukapigwa bila neno. Alirudi nyumbani akitembea katikati ya barabara, na karatasi ile hakuiweka mfukoni, aliishika mkononi watu wote waione.

Mamangu alikuja na treni. Nilidhani atashuka akipiga vigelegele. Alishuka amekonda, mikono imepasuka kwa jembe, akatusalimia kwa adabu kama mgeni. Nyumbani nilimsimulia yote, na maigizo juu yake, jinsi bwana alivyokunja magoti, jinsi ukuta mzima ulivyokohoa, jinsi baba alivyopima kwa mdomo wake. Watu wote waliosikia hadithi ile kabla yake walianguka chini kwa kucheka. Yeye alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akamgeukia babangu.

"Kwa hivyo ilikuwa ni kuinama tu?"

Babangu akasema lile lilikuwa dirisha la kuni.

"Mimi nimeinama kwenye mahindi ya watu tangu nikuache," mamangu akasema, pole pole kabisa. "Kutwa nzima. Nikingoja wewe uiname mara moja."

Aliinuka akaenda kuosha sufuria ambazo zilikuwa safi.

Sheria ilimtaka aliyeletwa kwa kibali afike mwenyewe ofisini aweke alama ya kidole gumba. Tulienda wote watatu. Foleni ilikuwa imesimama wima, nami nikajisikia kama mwenye jumba, mpaka tulipokaribia ndipo nikaona kile ambacho kicheko kilikuwa kimenificha. Wanawake walikuwa wanasimama kwa ncha za vidole. Wazee wenye migongo iliyopinda walikuwa wanaupigia kelele ukuta, na karani anaita kutoka juu, nani huyo, sema kwa nguvu. Babangu pia alikuwa amepima mtu mmoja.

Zamu ya mamangu ikafika. Dirisha lilikuwa juu ya kichwa chake kabisa.

Karani akachungulia, akasema haoni mtu. Mamangu akanyoosha mkono, na kidole kikaishia kwenye ukingo wa jiwe, hakikufika kwa karani. Nikatafuta kitu cha kukanyaga, lakini ua ulikuwa umefagiwa, hata kijiwe hakikuwepo. Nikamwambia nitambeba. Akanisogeza kando kwa kiganja. Akamgeukia babangu, mbele ya foleni nzima, mbele ya watu waliojua kwamba huyu ndiye mtu ambaye serikali haikuweza kumwinamisha.

"Inama," akasema.

Babangu alimtazama. Nilimwona anataka kusema neno, nilimwona anajua ni neno gani, na nikamwona analiacha. Akavua lile koti, akalikunja, akanipa mimi. Halafu akashuka kwa mikono na magoti chini ya ukuta alioujenga.

Mamangu hakuvua viatu. Alipanda, mguu mmoja halafu wa pili, akashika jiwe laini kwa mikono yote miwili. Akamsalimia karani. Akamuuliza habari za nyumbani kwao, na mamake kama yu mzima, na upande gani wametoka. Akamweleza mvua ya Rongai ilivyochelewa na mahindi yalivyo sasa. Akaweka kidole, akaomba kitambaa cha kupangusa wino, akajipangusa taratibu, akauliza kama hakuna kitu kingine wanachotaka kutoka kwake. Mtu mmoja akakohoa.

Kutoka kule chini babangu akauliza kama amemaliza.

"Bado," mamangu akasema.